Kosa la Kukaa

Maridhawa ni nchi yenye amani, na asiyeamini hualikwa kituo cha polisi akaelezwe kwa upole mpaka aamini. Mito yake hutiririka kuelekea makao makuu. Mvua zake hunyesha kwa kibali. Na wanawake wake, hili hata maadui zetu wanalikubali, wanasifiwa kuliko wanawake wote duniani: wana siku yao, wana wiki yao, wana wimbo wao unaoimbwa na kwaya ya askari wanaume, na wana wizara yao, Wizara ya Wanawake, Mapambo na Mengineyo. Wakati wa mambo haya wizara iliongozwa na Mheshimiwa Dokta Bashasha, mwanamume mwenye tumbo la heshima na udaktari aliotunukiwa na chuo alichokizindua mwenyewe.

Mwaka ule wizara ilipata jengo jipya la ghorofa tano, na jengo likawa na ukuta mmoja mtupu, mkubwa, unaotazamana na Soko Kuu. Mheshimiwa akaagiza achorwe hapo Mwanamke wa Maridhawa. Wahisani waliotoa rangi wakaweka sharti moja tu, kwamba mchoraji awe mwanamke. Sharti hilo liliitaabisha wizara majuma matatu. Hatimaye jina moja likaonekana katika faili lililoandikwa "Wasumbufu, M hadi P", na hivyo ndivyo Nyamizi Kasanda alivyopata kazi ya serikali.

Usumbufu wake ulijulikana. Miaka miwili nyuma alikuwa amefanya maonyesho katika ukumbi wa posta ya zamani. Aliyachukua matangazo yaliyobandikwa mjini, akayachora upya mstari kwa mstari, ila kila palipokuwa na mwanamke akaweka mwanamume. Basi pakawa na mzee wa makamo aliyelalia tairi la gari akiwa na chupi na tabasamu. Pakawa na bwana mwenye masharubu aliyekumbatia pakiti ya sabuni ya unga huku machozi ya furaha yakimtoka. Pakawa na wengine watatu, wamevaa kaptura za kubana, wanakatika kuzunguka chupa ya bia, na vichwa vyao vimeishia nje ya picha kwa kuwa vichwa havikuhitajika. Maonyesho yalifungwa baada ya saa mbili kwa kosa la kudhalilisha utu. Matangazo yenyewe hayakuguswa, yapo mpaka leo.

Alikuwa na miaka arobaini na sita, na alikuwa amechoka. Haukuwa uchovu wa kulala ukaisha. Ulikuwa uchovu wa mtu aliyelieleza jambo moja kwa miaka ishirini mbele ya watu wanaotikisa kichwa kukubali, kisha wananyoosha mkono na kuuliza swali lilelile. Alipoipokea barua ya wizara aliisoma mara mbili, akatafuta mtego, hakuuona, akaweka sahihi.

*

Siku tatu za kwanza hakuchora kitu. Alipanda jukwaa la mbao akautazama ukuta, na ukuta ukamtazama. Siku ya nne, saa saba mchana, alishuka kutafuta maji ya kunywa, akapitia mlango wa nyuma wa wizara, akamkuta mfagizi amekaa kwenye ngazi. Alikuwa mama wa miaka hamsini na kitu, sare ya kijani yenye namba 14 kifuani, miguu ameinyoosha, kandambili amezivua, mikono imelala mapajani kama mali ya mtu mwingine. Hakuwa anakula wala kusali. Alikuwa anatazama mbele tu.

Nyamizi akatoa penseli.

"Usinichore hivi, mdogo wangu," yule mama akasema bila kugeuza kichwa. "Nimechoka."

"Ndiyo maana, dada."

"Basi ngoja nisimame, nishike fagio."

"Usisimame, tafadhali. Mara ya mwisho kukaa hivi ilikuwa lini?"

Mama akafikiri kweli, kama mtu anayetafuta ufunguo. "Hospitali," akasema. "Nilipojifungua wa nne. Nilikaa siku mbili. Huyo wa nne sasa ana ndevu."

Jina lake lilikuwa Zawena. Alizifagia ghorofa zote tano kabla ya watu kuingia kazini, na alizifagia tena walipotoka, na katikati aliwapikia chai. Wakawa wanakutana kwenye ngazi ile kila saa saba, dakika kumi na tano, muda ambao msimamizi alikuwa anakula. Zawena alizungumza kidogo. Siku nyingine alisinzia macho wazi, na Nyamizi akachora bila kupumua kwa nguvu.

Mwisho wa mwezi Zawena alikuwa ukutani, urefu wa mita sita, amekaa. Hakuwa na mtungi, hakuwa na mtoto mgongoni, hakuwa na jembe, hakuwa na kanga inayopeperushwa na upepo. Hakuchekea mtu. Miguu ilikuwa imenyooshwa kuelekea sokoni, nyayo zina mipasuko, na uso ulikuwa uso wa mtu ambaye kwa dakika chache hakuna anayemwita.

Wauza nyanya wa ng'ambo ya barabara walisimama wakautazama ukuta kwa muda mrefu. Hawakupiga vigelegele. Mmoja wao, mwenye beseni kichwani, akauliza kwa wivu wa wazi kabisa: "Na huyo naye kaipata wapi nafasi?"

Nyamizi akayasikia maneno hayo kutoka juu ya jukwaa. Katika miaka yake yote ya uchoraji hakuna mhakiki aliyewahi kumwelewa kiasi hicho.

*

Wizara ikamtuma Bwana Ndimanga, Mkaguzi Mkuu wa Taswira. Alikuwa mtu mwembamba, msafi, mwenye kalamu nne mfukoni na kitabu cha Kanuni za Taswira ya Mwanamke, toleo la tatu lililorekebishwa. Hakuwa mtu mbaya. Aliutazama ukuta akiwa ameinamisha kichwa, kama mtu anayesoma mizani.

"Mchoraji, kazi nzuri. Sasa, amebeba nini?"

"Hajabeba kitu."

"Anakaribia kubeba?"

"Hapana."

"Nauliza kwa sababu kifungu cha tano kinasema mwanamke atachorwa akiwa amebeba, anabeba au anakaribia kubeba." Akafungua ukurasa akamwonyesha. "Hatukatai ubunifu. Unaweza kuchagua. Je, ni mgonjwa?"

"Si mgonjwa."

"Amefiwa?"

"Hajafiwa."

"Anamsubiri mumewe?"

"Hamsubiri mtu, bwana mkaguzi."

"Basi anafanya nini?"

"Amekaa."

Bwana Ndimanga akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Huruma ilimwingia usoni, huruma ya daktari aliyeona kitu kwenye picha ya mapafu. Akachomoa kalamu ya pili kati ya zile nne na kuandika: *Kosa: amekaa.*

*

Kamati iliundwa. Ilikaa vikao kumi na saba kujadili kama mwanamke anaweza kukaa. Wajumbe walikaa asubuhi, wakakaa mchana, wakaahirisha, wakakaa tena. Nyamizi aliitwa kwenye kikao cha kumi na nne kujieleza. Aliwekwa mwisho wa meza, na kwa kuwa viti vilikuwa tisa na wajumbe walikuwa tisa, alijieleza akiwa amesimama.

Alisema mambo aliyokuwa ameyasema miaka ishirini. Alisema kwamba nchini kote, kwenye noti, kwenye stempu, kwenye vitabu vya darasa la pili, kwenye kopo la mafuta ya kupikia, mwanamke anaonekana akibeba au akitamanika, na kwamba mtoto wa kike akiona hivyo maisha yake yote ataamini kuna namna mbili tu za kuwepo. Wajumbe wakatikisa kichwa kukubali. Kisha mmoja akanyoosha mkono.

"Swali dogo tu. Huoni kwamba angependeza zaidi na mtungi?"

Mheshimiwa Dokta Bashasha akainuka. Alipenda kuhutubia hata chumbani.

"Ndugu wajumbe," akasema, "hakuna anayempenda mwanamke kunizidi mimi. Mama yangu alikuwa mwanamke. Mimi nasema, na nimesema, na nitaendelea kusema kwamba mwanamke ni nguzo ya taifa. Sasa nawauliza, ndugu zangu. Ni nani kati yetu aliyewahi kuona nguzo imekaa?"

Makofi yalidumu dakika nzima. Wakati huo wote mama mmoja wa sare ya kijani alikuwa anazunguka meza, anamimina chai, anapanga sambusa, anaokota makombo. Alipofika kwa Bwana Ndimanga akainama kuweka kikombe. Bwana Ndimanga akaiona namba 14 kifuani mwake. Akatazama dirishani, ambako kona ya ukuta ilionekana, na kifua cha yule mwanamke mkubwa, na namba 14.

Hawakumtambua kwa sura. Alikuwa amewapikia chai miaka kumi na tisa, lakini hiyo ilikuwa sababu zaidi ya kutomtambua.

"Wewe," akasema Bwana Ndimanga. "Ulikaa?"

Zawena akanyanyua birika. "Kidogo tu, bwana."

Siku mbili baadaye akapewa barua ya kusimamishwa kazi mpaka kesi yake isikilizwe. Mashtaka yalikuwa kukaa katika saa za kazi bila idhini. Kielelezo cha ushahidi kilikuwa kimoja, na barua ilikieleza kwa usahihi: picha ya ukutani, urefu mita sita, inaonekana hata kutoka stendi.

*

Nyamizi aliisoma barua ile akiwa amesimama chini ya jukwaa. Alikuwa amejiandaa kwa mengi. Alijua wangeweza kumfukuza, kumpaka matope magazetini, kumwita mwanamke asiye na mume. Hayo alishayazoea kama mtu anavyozoea jirani mwenye kelele. Hili hakuwa amelifikiria, kwamba wangeuchukua mchoro wake, kitu cha kweli kuliko vyote alivyowahi kuchora, wakamkamatia nao Zawena.

"Nitakwenda mahakamani," akasema. "Nitaandika magazetini. Nina wakili, dada, ni rafiki yangu, hatatudai kitu."

Zawena alikuwa amekuja na fagio lake, akaliegemea. "Imebaki miezi saba nipate kiinua mgongo," akasema. "Baba watoto anatengeneza baiskeli, unajua watu sasa hawana baiskeli. Mdogo wangu, niwekee ndoo kichwani."

"Nikikuwekea ndoo wameshinda."

"Washinde."

"Dada, huyu ni wewe. Kwa mara ya kwanza katika nchi hii kuna mwanamke ukutani ambaye ni..."

"Sikiliza." Zawena hakupandisha sauti. "Mimi ndoo naijua. Nimebeba tangu nina miaka sita. Ndoo nzito ni ya kichwani. Ya ukutani haina uzito. Ichore tu."

Nyamizi akataka kujibu kwamba hata ya ukutani ina uzito, kwamba ile ya ukutani ndiyo inayoifanya ile ya kichwani ionekane ya kawaida. Alikuwa ameliandika hilo mahali fulani, kwa maneno mazuri. Akamtazama mama aliyeegemea fagio. Akapanda jukwaani.

Alichora ndoo. Ilikuwa ndoo ya bati, ina tundu dogo upande mmoja, na tone la maji linaning'inia. Aliichora vizuri kwa sababu hakujua kuchora vibaya, na hilo lilimuudhi kuliko yote.

Bwana Ndimanga akafika na furaha ya kweli. "Umeona? Lakini sasa, amebeba ndoo akiwa amekaa. Nani atamtua? Msimamishe."

Akamsimamisha. Ilimchukua siku nne kuifuta miguu ile iliyonyooshwa.

Hapo habari ikaenea kwamba kwenye ukuta wa wizara kuna mwanamke aliyesimama na ana nafasi. Wizara ya Kilimo ikaleta barua yenye mhuri: awe na jembe. Wizara ya Afya ikaomba mtoto mgongoni, halafu ikaleta barua ya pili kuomba mwingine wa kumshika mkono, ili kuonyesha uzazi wa mpango. Elimu ikadai kitabu. Biashara ikadai kapu la bidhaa za kuuza nje. Wizara ya Teknolojia, ambayo haikutaka kuachwa nyuma, ikadai kompyuta mpakato ikae juu ya ndoo. Ulinzi wakapendekeza bunduki, ndogo, ya kiungwana. Maliasili wakaleta swala. Bwana Ndimanga mwenyewe alipima tabasamu kwa rula na kuamuru meno manane, si chini ya hapo, kwa kuwa kifungu cha tisa kilitaka mzigo ubebwe kwa moyo mkunjufu.

Nyamizi hakubishana tena. Kila asubuhi alipokea barua, akasoma, akachanganya rangi. Watu waliomfahamu walipita sokoni wakamwona juu kule, mgongo umepinda, wakadhani amenunuliwa. Mwanafunzi wake mmoja wa zamani alisimama chini akalia kwa sauti, kisha akaondoka bila kumsalimu. Nyamizi alimwona. Hakushuka. Angemwambia nini? Kwamba kuna mama mmoja na miezi saba?

Jembe lilifunika mkono. Kapu lilifunika kiuno. Mtoto wa pili alifunika paja, kitabu kikafunika kifua pamoja na namba 14. Barua ya mwisho ilitoka Wizara ya Pamba, iliyokuwa imesahauliwa na ilikasirika kwa kusahauliwa. Wakataka robota kubwa la pamba begani. Hapakuwa na bega. Robota likakaa palipobaki, ambapo palikuwa uso. Nyayo mbili zilizosalia chini zikapewa nembo ya taifa.

*

Siku ya uzinduzi kwaya ya askari iliimba. Mheshimiwa Dokta Bashasha akahutubia saa moja na nusu, wanawake wa Soko Kuu wakiwa wamesimama juani kumsikiliza akiwaeleza walivyo muhimu. Kisha akavuta kamba, na pazia likaanguka.

Palikuwa na ndoo, kompyuta, jembe, bunduki, watoto wawili, swala, kapu, kitabu na pamba nyingi nyeupe. Rangi zilikuwa nzuri sana.

Mgeni mmoja wa wahisani, mama mzee mwenye kofia pana, akainama akamnong'oneza mkalimani. Mkalimani akameza mate. Mheshimiwa akamwamuru aseme.

"Anauliza," akasema mkalimani, "mwanamke yuko wapi?"

Mheshimiwa akautazama ukuta toka juu mpaka chini, kulia na kushoto. Watu walimwona akitafuta. Lakini hakuwa ameongoza wizara nne bure.

"Mwanamke wa Maridhawa," akasema, "yuko kila mahali!"

Makofi yakalipuka. Hata hivyo, mgeni yule alipoondoka iliundwa tume ya kumtafuta, na shahidi wa kwanza kuitwa alikuwa Nyamizi. Bwana Ndimanga ndiye aliyeandika.

"Mara ya mwisho ulimwona wapi?"

"Pale pale ukutani."

"Alikuwa katika hali gani?"

"Alikuwa amekaa."

"Aliondokaje?"

Nyamizi akafikiri namna ya kulijibu swali hilo kwa ukweli. "Alipewa vitu vya kushika," akasema.

Bwana Ndimanga akaandika yote, neno kwa neno, kwa mwandiko mzuri. Alipomaliza akabaki ameishika kalamu, akasema kwa sauti ya chini, kama anayejisemea, kwamba na yeye angependa kumwona tena yule wa kwanza. Halafu akakohoa, akafunga faili.

Lakini serikali ya Maridhawa ni ya haki, na hili lazima tuliseme. Juma lililofuata kesi ya mfagizi namba 14 ilitajwa mbele ya kamati ya nidhamu. Mwenyekiti akataka kukiona kielelezo. Wakamfungulia dirisha. Akatazama, akatazama tena, akasema haoni mtu yeyote aliyekaa, wala mwanamke. Kesi ikafutwa kwa kukosa ushahidi, na Zawena akarudishwa kazini siku hiyohiyo, maana ghorofa zote tano zilikuwa chafu.

*

Nyamizi hakushika brashi miezi miwili. Ndugu zake walimwambia apumzike, na ajabu ni kwamba hakujua aanzie wapi. Alifua mapazia. Alipanga makopo ya rangi, akayapangua. Mambo aliyoyafanya aliyapima huku na huku, na kila alipoyapima yalitoka sawasawa: alikuwa amemwokoa mtu kwa kumfuta. Hakuona fahari, na majuto pia hakuyapata yalipotakiwa yawe.

Jumamosi moja alasiri Zawena akabisha hodi. Alikuwa amevaa gauni la kwenda harusini, na mikononi hakuwa na kitu.

"Nina shida," akasema. "Nataka ile picha."

"Dada, ile haipo."

"Ichore tena. Ndogo. Ya kwangu, ya nyumbani. Sitaki ndoo."

Nyamizi akamtazama kuona kama anatania. Kisha akavuta kiti, akamkalisha karibu na mlango penye mwanga, akatafuta kipande cha plaiwudi. Safari hii hapakuwa na msimamizi wa kuhofia. Zawena alivua viatu mwenyewe. Alikaa saa tatu, akalala mbili kati ya hizo, akakoroma. Nyamizi akachora mpaka mwanga ukamwishia, na alipoweka brashi chini akagundua kwamba mgongo haukumuuma.

Jumapili wakaenda pamoja kuitundika. Nyumba ya Zawena ilikuwa vyumba viwili, visafi kama ghorofa tano za wizara. Wakapiga msumari mkabala na mlango, wakaitundika, wakaisogeza kidogo kushoto. Zawena akaingia jikoni kupika.

Mumewe, Mzee Chilumba, alirudi jioni na mikono ya grisi. Alikuwa mtu mpole, mwenye kucheka. Akamsalimu mgeni, "Karibu, shemeji, nimesikia habari zako," kisha akaiona picha. Akasimama mbele yake akijifuta mikono kwa kitambaa.

"Nzuri hii," akasema. "Nani huyu?"

Nyamizi akafungua mdomo. Nyuma ya mzee, mlangoni mwa jikoni, Zawena alikuwa amesimama na sufuria ya maharage mkononi, akatikisa kichwa: usimwambie.

"Mtazame vizuri," Zawena akasema.

Mzee akasogea, akaukunja uso. "Ana sura ya kwenu. Ni ndugu yako?"

"Ni wa kwetu, ndiyo."

"Mbona mimi sijawahi kumwona?"

Walikuwa wameoana miaka thelathini na moja. Zawena alimtazama mgongo wake kwa muda, bila hasira, kama mtu anayesoma barua iliyochelewa sana kufika. Akaiweka sufuria mezani. Akavuta kiti, akakaa, akanyoosha miguu, akazisukuma kandambili pembeni kwa kidole.

"Chakula hicho hapo, Baba Mashavu," akasema. "Leo tupakulie wewe. Mimi nimekaa."

Mzee Chilumba akageuka. Akamtazama mkewe, akaitazama picha, akamtazama mkewe, mdomo wazi. Halafu, kwa kuwa alikuwa mtu mpole, akaenda jikoni. Wakamsikia akifungua hiki na kile, vyombo vikigongana, kimya, vyombo tena. Baada ya muda akachungulia, amekumbatia sahani tatu kifuani, akauliza upawa huwa unakaa wapi.